Ardhi ya Wamapuche: "kurudishiwa" maana yake kununuliwa

Mkisikia Wamapuche, watu wa asili wa Chile, wamerudishiwa ardhi, jueni mara nyingi serikali imeinunua. Sheria 19.253 ya 1993 iliunda CONADI, shirika la serikali la maendeleo ya watu wa asili, na mfuko wa ardhi. Kifungu cha 20(b) ndicho cha maeneo yenye mgogoro. Jamii husajiliwa, kisha huleta hati ya zamani, título de merced (zilitolewa kati ya 1884 na 1929), na ramani yake hulinganishwa na mipaka ya leo. Pagumu ni hapa: mwenye shamba akikataa kuuza, dai limekwama. Akijua mnunuzi ni serikali, bei inapanda, na bajeti ina kikomo. Hata ardhi ikipatikana, huenda imejaa misonobari na mikaratusi, miti iliyoenea kwa ruzuku ya Amri 701 ya 1974, inayonyonya maji. Visiki navyo nani atang'oa?