Sikuwa mvivu

Tangu Jumatatu sentensi moja ya mdogo wangu Zuhura imekuwa ikijirudia kichwani mwangu, na kila nikidhani nimemalizana nayo inaanza upya. Harusi ya Kaka Idi imepita, ndugu wa Pangani wamekuja na kuondoka, nami nilikuwa katikati yao kama mtu aliyeacha nguo kwenye kamba akaliona wingu.

Tulikuwa tumekaa mbele ya daktari na picha za MRI. Kwa ncha ya kalamu alituonyesha vyumba vya maji vilivyo katikati ya ubongo, na kandokando ya kuta zake vinundu vya kijivu vilivyofuatana kama shanga. Alitueleza kwamba mtoto akiwa tumboni, seli nyingi za ubongo huzaliwa kwenye kuta hizo, kisha husafiri kwenda nje kujenga gamba la ubongo, na sehemu kubwa ya safari hiyo hukamilika kabla mimba haijatimiza miezi saba. Baadhi ya seli za Zuhura hazikusafiri. Zilibaki pale zilipozaliwa, na hitilafu hiyo, inayovuruga umeme wa ubongo, ndiyo iliyomletea kifafa akiwa na miaka 15, siku ile ya bombani, majirani walipoliogopa povu lake na mmoja akakimbilia kijiko ili amtie mdomoni, badala ya kumlaza ubavu na kumwachia nafasi ya kupumua. Maji ya kombe, ya maandiko ya Kurani, aliyonyweshwa miaka miwili kwa sababu Bibi alisema ni jini, hayakumdhuru, ila hayakufika huko.

Kisha daktari akauliza, kama anayepitia tu:

“Shuleni, kusoma kulikuwaje?”

“Kwa shida. Dada ndiye aliyekuwa akinifundisha.”

“Wengi wenye hali hii wana akili timamu kabisa, lakini kusoma huwatatiza.”

Zuhura alinyamaza kidogo. “Kwa hiyo sikuwa mvivu?”

“Hapana. Hukuwa mvivu.”

Hakunitazama. Laiti angenitazama, hata kwa hasira, ningepata pa kuanzia.

Maana neno hilo ni langu. Alipokuwa darasa la nne nilikuwa nikimketisha mkekani kila baada ya magharibi, na kwa kuwa aligundua kwamba nikisoma ukurasa mara moja ataweza kuukariri wote bila kukosea, nilianza kuufunika mstari kwa rula na kumfunulia neno moja moja. Hapo ndipo alipokwama. Nilimwita mvivu, nikamwita mjanja, nikamwambia kwamba mtu anayeweza kuirudia taarifa ya habari ya redio tangu mwanzo hadi mwisho hawezi kushindwa na neno “kiberiti” isipokuwa kwa kutotaka. Nami ni mwalimu. Ule ukariri wake niliuona kuwa udanganyifu, kumbe ndiyo njia pekee aliyokuwa nayo.

Nimejaribu kujitetea kwamba sikuwa na namna ya kujua. Ni kweli, na haisaidii.

Jana mambo yalibadilika kidogo. Daktari anashuku kwamba chanzo ni kasoro katika jeni ya FLNA, inayohusika na protini inayozisaidia seli kusafiri, na kwa kuwa hali hiyo huweza kugusa pia vali za moyo na mshipa mkubwa utokao moyoni, ametuagizia kipimo cha moyo. Tulimwomba atuandikie yote kwa Kiswahili katika karatasi. Zuhura aliichukua karatasi hiyo jikoni, akaifuata kwa kidole kama zamani, akasoma kwa sauti: “Jini ya FLNA.” Akasimama, akairudia, kisha akacheka mpaka akakaa chini. “Bibi alikosea herufi moja tu!” Nilicheka naye mpaka machozi yakanitoka, naye akanipa karatasi akasema, “Basi nisomee wewe, Dada.” Hajawahi kuniomba hivyo tangu mkeka ule.

Nikamsomea: karbamazepini asubuhi na jioni, asiiache ghafla. Valproeti daktari aliiepuka kwa sababu Zuhura ni msichana na siku moja huenda akabeba mimba, na dawa hiyo huweza kumdhuru mtoto aliye tumboni. Mstari wa mwisho niliuruka.

Mstari huo unamhusu Mama. Jeni hiyo ikiwa na kasoro, mama anaweza kumrithisha binti yake, na mimba za watoto wa kiume walioirithi mara nyingi hazidumu, au mtoto hufa mapema. Kati yangu na Zuhura Mama alipoteza mimba mbili, zote za wavulana, na kwa miaka yote hii lawama imekuwa juu ya jicho la jirani mmoja ambaye mpaka leo hatusalimiani naye. Daktari anataka Mama naye apimwe.

Usiku Mama aliniuliza daktari alisemaje. Nikamwambia ni vinundu, wala si jini.

“Vimetoka wapi?”

Nikamwambia wali unaungua, ingawa jiko lilikuwa limekwisha kuzimwa.