Nilivyotengeneza mikuki ya Kingoni ya kuigizia vita vya Maji Maji

Mimi ni fundi wa kuchomelea hapa Songea, mageti na madirisha ndo yananilisha, ila uhunzi nilianza mdogo kabisa namvutia babu mivukuto. Mwaka jana watu waliokuwa wanarekodi igizo wakanipa oda ya mikuki 30 ya kuigizia Wangoni walivyopigana na Wajerumani mwaka 1905, 12 iwe chuma kweli ya kuonekana karibu, iliyobaki raba ya tairi kwa ajili ya wale wa kupigana ili mtu asiumie.

Picha walonitumia ni mkuki wa Kimasai! Nikawapigia palepale nikawaambia jamani hapana, huo una chuma kirefu juu na chuma kirefu chini mti umebaki kipande tu katikati, Wangoni walitoka huko kusini kwa kina Shaka mfalme wa Wazulu, mkuki wao wa kuchomea ni mfupi una bapa pana, adui unamchoma akiwa mbele yako haurushi. Wazee wetu walinyongwa hapahapa mjini Februari 1906, sasa tuwashikishe mkuki usio wao kweli? Wakakubali.

Chuma nilitumia springi za gari, unapasha mpaka iwe rangi ya chungwa unafua, ikishapoa ikawa nyekundu ya kuiva unarudisha motoni, ukilazimisha kufua ya baridi inapasuka. Makali sikuweka kabisa, ukingo niliuacha mnene na ncha nikaizungusha.

Shida ikaja kwenye mpini. Kuchomelea sikutaka maana kamera inaona ule mshono, nikafanya kama babu, unatoboa mti kidogo, mkia wa bapa, kile chuma chembamba cha nyuma, unaupasha unausukuma humo ndani ukiwa mwekundu, moshi unatoka unawasha macho na mti unalia tssss, halafu unafunga shingo kwa ngozi mbichi ya ng'ombe ikikauka inabana kama pingu. Ila ile 6 ya kwanza ikaanza kucheza baada ya wiki mbili tu, kumbe fundi wa mbao aliniletea miti haijakauka, ikikauka inasinyaa na kupasuka, mkia unalegea. Niliumia sana, nikang'oa yote nikatafuta miti iliyokaa juu ya dari la jiko miezi mingi nikaanza upya, usiku silali maana siku za kurekodi zimekaribia.

Mwisho kuzeesha. Chuma mpya inang'aa vibaya, nikapaka siki na chumvi nikaacha usiku kucha asubuhi kutu imeshika, nikaosha na maji ya magadi kutu isiendelee, nikasugua na majivu nikapaka mafuta. Ikatoka nyeusi ya kahawia yenye alama za nyundo, hizo alama msifute na grenda nawaomba.

Siku ya kurekodi mzee mmoja wa Kingoni aliyeletwa kufundisha vijana ngoma akauchukua mmoja, akaupima uzito mkononi, akachuchumaa na ngao kama anavizia. Hakusema kitu. Akakataa kuurudisha mpaka jioni.