Kamera Zilizokuwa Mikononi mwa Wagonjwa

David France alikuwa mwandishi wa habari kwa miaka mingi kabla ya kuongoza filamu yake ya kwanza, How to Survive a Plague, iliyotoka mwaka 2012 na baadaye kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Filamu hiyo inasimulia harakati za ACT UP, kundi la kudai tiba ya UKIMWI lililoanzishwa New York mwezi Machi 1987, mwezi uleule ambao Marekani iliidhinisha AZT, dawa ya kwanza dhidi ya virusi vya UKIMWI, kwa bei iliyokaribia dola 10,000 kwa mwaka.

Sehemu kubwa ya picha hakuzipiga yeye. Kamera ndogo za video zilikuwa zimeanza kuenea, na wanaharakati, wengi wao wakiwa wagonjwa, walirekodi mikutano, maandamano na hata maisha yao ya nyumbani. France, ambaye mwenzi wake alifariki kwa UKIMWI mwaka 1992, alikusanya kanda za watu zaidi ya 30 na kuziunganisha ziwe simulizi moja. Walionusurika hawaonyeshwi katika umri wao wa sasa mpaka filamu inapokaribia kwisha. Wapo watakaouona huo kuwa ujanja wa mhariri, lakini mimi nauona kuwa uaminifu, kwa kuwa wakati kanda zile zinarekodiwa hakuna aliyejua nani angeuona mwaka unaofuata.

Maandamano ya Oktoba 1988, walipoizingira mamlaka ya dawa ya Marekani nje kidogo ya Washington, yanasisimua. Hata hivyo, kwangu uzito wa filamu umo katika vikao. Iris Long, mkemia ambaye hakuwa na ugonjwa huo, aliwafundisha vijana wasio na shahada yoyote ya sayansi namna dawa inavyojaribiwa na kuidhinishwa, nao wakajisomea mpaka wakaweza kubishana na watafiti kwa hoja, na hatimaye wakapewa nafasi katika kamati zilizopanga majaribio yenyewe. Ugomvi wao wa ndani pia haukufichwa: yumo Larry Kramer, mwandishi na mmoja wa waanzilishi wa kundi, akiwafokea wenzake waliokuwa wakizozana ilhali watu wanakufa, na upo mgawanyiko wa 1992, ambapo kamati ya tiba ilijitenga na kuunda kundi lake.

Kasoro ninayoiona ni kwamba simulizi inafikia kilele mwaka 1996, dawa mseto (dawa kadhaa zinazotumiwa kwa pamoja) zilipopatikana, kana kwamba vita vilikuwa vimekwisha. Huku kwetu bei ilizifanya dawa hizo zisiwafikie wengi hadi miaka kadhaa baadaye. Kampuni ya Cipla ya India ilitangaza dawa mseto kwa dola 350 kwa mwaka mnamo 2001, na mwaka huohuo Kenya ikapitisha sheria iliyofungua njia ya kuingiza dawa za bei nafuu. Anayetaka sehemu hiyo amtafute mwongozaji mwingine, Dylan Mohan Gray, ambaye katika Fire in the Blood anamfuata Dkt. Peter Mugyenyi wa Kampala, aliyeagiza dawa za India bila kusubiri ridhaa ya kampuni zilizomiliki hataza, yaani haki ya pekee ya kutengeneza na kuuza dawa hizo.