SHA ikisimamisha hospitali, faili ndizo hujibu

Tangu Agosti 2025, Waziri wa Afya wa Kenya Aden Duale alipotangaza kusimamishwa kwa makumi ya vituo vinavyolipwa na SHA (Mamlaka ya Afya ya Jamii, bima ya afya ya taifa) kwa tuhuma za ulaghai, wengi wamekuwa wakichanganya mambo matatu. Kituo kikisimamishwa, malipo ya SHA huzuiwa uchunguzi ukiendelea. Kikifutiwa mkataba, SHA haikitambui tena, ila bado kinaweza kumtibu anayelipa mfukoni. Leseni iko mikononi mwa KMPDC, baraza linalosajili madaktari na hospitali. Ikifutwa, milango inafungwa kwa wote.

Ukitaka kujua wizi unaanzia wapi, tazama bei za SHA. Kujifungua kwa kawaida hulipiwa Sh10,000, kwa upasuaji Sh30,000. Kitanda katika hospitali ya kiwango cha 4 ni Sh3,360 kwa siku. Kwa hiyo mgonjwa wa malaria aliyepewa dawa akarudi nyumbani, akiandikwa kwamba alilazwa siku tatu, anazaa madai ya Sh10,080.

Mchunguzi anayejua kazi haanzi na kompyuta. Kwa madai ya upasuaji wa uzazi huomba rejista ya thieta, chati ya nusukaputi, fomu ya idhini yenye sahihi ya mama, na rejista ya watoto waliozaliwa. Kisha huenda stoo. Sindano ya ganzi ya uti wa mgongo na kichupa cha bupivakaini, dawa ya ganzi hiyo, hutumika kwa mgonjwa mmoja. Madai yakiwa 40 kwa mwezi na kadi ya stoo inaonyesha vichupa 12 vilivyotoka, hospitali ieleze hao wengine walipasuliwa kwa ganzi gani. Wodini hesabu ni rahisi zaidi: leseni ina vitanda 16, usiku mmoja umedaiwa wagonjwa 30.

Lakini si kila faili mbovu ni ya mwizi. Mgonjwa huruhusiwa Ijumaa jioni, karani akafunga faili yake kwenye mfumo Jumatatu, na siku tatu za kitanda zinaonekana kama wizi. Daktari anayehudumia hospitali mbili huacha nambari yake ya usajili ikitumiwa kote kote, hadi anaonekana akipasua Thika na Machakos saa ile ile. Hayo ni makosa ya usimamizi. Hata hivyo, pesa zilizolipwa kwa makosa hayo lazima zirudishwe.

Barua ya kusimamishwa ikifika hospitalini kwako, usiguse faili. Pengo kwenye rekodi linaweza kuelezwa. Rekodi za mwezi mzima zilizojazwa upya kwa kalamu moja na mwandiko mmoja hazielezeki, na hapo suala linahamia DCI, idara ya upelelezi wa jinai. Toa nakala za rejista zote, kisha omba kwa maandishi orodha ya madai yanayotiliwa shaka, kila moja na nambari yake. Kifungu cha 47 cha Katiba na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 vinakupa haki ya kuelezwa sababu. Jibu dai kwa dai. Ulipolipwa zaidi, kiri na utoe ratiba ya kurejesha. Msipoafikiana, sheria ya SHA ya 2023 imeweka jopo la kusuluhisha migogoro.

Kutangaza majina kabla kituo hakijajibu naona ni haraka mno, ila lawama kubwa zaidi ni kwamba wagonjwa hawapewi pa kwenda. Wa presha atabadilisha kliniki. Wa figo, anayesafishwa damu mara mbili kwa wiki kwa Sh10,650 kila mara, hana wiki ya kupoteza. Siku hiyo hiyo achukue muhtasari wa matibabu, uzito wake baada ya maji kutolewa, maelezo ya fistula au katheta yake (njia ya kuunganisha damu yake na mashine), na majibu ya karibuni ya hepatitisi B, C na HIV. Asipokuwa na majibu hayo, kitengo kipya kitampima kwanza kabla ya kumpangia mashine.