Walipatana Siku Tu

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii mstari mmoja wa 2 Samweli 10 umenikatalia kuupita. Yoabu, jemadari wa mfalme Daudi, amebanwa, vita viko mbele yake na nyuma yake: Washami uwandani, Waamoni langoni pa mji. Anagawa jeshi. Wateule anawachukua yeye awakabili Washami, waliosalia anamkabidhi nduguye Abishai. Kisha anamwambia, Washami wakinizidi mimi, wewe utanisaidia. Waamoni wakikuzidi wewe, mimi nitakuja kukusaidia. Huo ni mstari wa 11. Wa 12 ndio tunaoukariri, ule wa kuwa hodari na kumwachia BWANA afanye alionalo kuwa jema. Wa 11 tunauruka.

Wazee walisema manahodha wengi, chombo huenda mrama, na ni kweli mara nyingi. Lakini hapa walikuwa wawili na chombo kilifika bandarini. Kwa hiyo idadi peke yake haitoshi kueleza kinachokizamisha. Ili kuona kilichokosekana, naomba tumtazame mtu mmoja aliyelipa gharama ya manahodha wawili mara mbili bila kuonekana kujifunza: Mfaransa aliyeitwa Soubise, katika ile Vita ya Miaka Saba iliyopiganwa Ulaya kuanzia 1756 hadi 1763.

Mara ya kwanza ilikuwa Rossbach, Saksonia, tarehe 5 Novemba 1757. Soubise aliongoza Wafaransa, na mwana wa mtawala wa Hildburghausen akaongoza jeshi la madola ya Kijerumani. Huyu alitaka kushambulia, yule hakutaka. Walipokwisha kuvutana waliondoka kwa misafara mirefu kumzunguka adui yao, mfalme Frederick wa Prussia, askari kama 41,000 dhidi ya 22,000. Wapanda farasi wa Prussia wakawaangukia kabla hawajajipanga. Mapigano hayakuchukua hata muda wa saa mbili. Prussia ilipoteza watu wasiozidi 600 kati ya waliokufa na waliojeruhiwa. Upande wa pili walipotea kama 10,000, nusu yao wakiwa mateka. Sitakaa hapo, kwa sababu pale walikuwa mataifa tofauti na ni rahisi kusema lugha ndiyo iliyowaponza.

Vellinghausen haitupi kisingizio hicho. Ni Julai 1761, Westphalia, karibu na mji wa Hamm. Ufaransa ina majeshi mawili, moja chini ya Soubise, la pili chini ya Broglie. Wote wawili ni Mamarshali wa Ufaransa, cheo cha juu cha jeshi, wanamtumikia mfalme mmoja, Louis wa 15, wanasema lugha moja, wanakwenda misa moja. Soubise alitangulia kupewa cheo, 1758. Broglie alikipata 1759, lakini ndiye aliyesifika kwa kujua vita. Mfalme hakumweka yeyote juu ya mwenzake. Wakiungana walikuwa kama 90,000. Mbele yao Ferdinand wa Brunswick, jemadari wa upande wa Prussia na Uingereza, alikuwa na kama 65,000, na jeshi lake lilikuwa mchanganyiko wa Waingereza, watu wa Hanover, wa Hesse na wa Brunswick. Mataifa mengi, kichwa kimoja. Na hata kichwa hicho kilikuwa kimeshaonja uasi: mwaka 1759, pale Minden, bwana mmoja Mwingereza, Sackville, alipewa amri ya kusonga na wapanda farasi akasitasita mpaka nafasi ikapita. Alifikishwa mbele ya mahakama ya kijeshi. Nafasi yake akapewa Granby, na Granby huyo ndiye tunayemkuta Vellinghausen akishika ubavu wa kushoto.

Angalieni ardhi ilivyo, kwa kuwa ardhi nayo ilisema neno. Mito miwili inakwenda magharibi karibu sambamba: Lippe kaskazini, Ahse kusini yake. Ubavu wa kushoto wa Ferdinand ulikaa kati ya mito hiyo miwili. Sehemu iliyobaki ya jeshi lake ilikuwa kusini ya Ahse. Broglie alikuja kwa njia ya katikati, Soubise kwa njia ya kusini, na Ahse na majimaji yake ikawa baina yao. Kila mmoja hakuweza kuona mapigano ya mwenzake. Aliweza kusikia mizinga tu, na kungoja tarishi.

Mpango ulikuwa mzuri. Broglie asogee tarehe 15, wote wapige tarehe 16. Jioni ya tarehe 15 Broglie akasogea, akawakuta watu wa Granby hawajawa tayari, akaona mlango uko wazi, akaingia. Kijiji cha Vellinghausen kikawa mkononi mwake. Mapigano yakaendelea hadi usiku. Akatuma habari kwa Soubise.

Sasa jiulizeni: Soubise afanye nini? Mpango unasema kesho. Mwenzake ameanza leo. Akienda sasa, anakuwa mtu wa kumfuata Broglie, na ushindi utaandikwa kwa jina la Broglie. Asipokwenda, anaweza kusema kwa haki kabisa kwamba alishika walichopatana. Hakuna mtu aliyesimama kati yao mwenye uwezo wa kusema, mpango umebadilika, nenda. Mwenye uwezo huo alikuwa ikulu Ufaransa, mwendo wa siku nyingi kwa farasi.

Ferdinand alielewa upesi. Alipoona kusini kumetulia alianza kutoa vikosi ubavu wake wa kulia na kuvipeleka kwa Granby kushoto. Asubuhi ya tarehe 16 Broglie alikuta mbele yake watu wengi kuliko wa jana. Soubise alisogea, akagusagusa, hakuingia. Broglie akaamuru kurudi nyuma, na Rougé, kikosi kizima cha batalioni nne, kikatekwa njiani. Soubise kusikia hivyo naye akaondoka. Wafaransa walipoteza kama 5,000, washirika wa Ferdinand kama 1,400.

Halafu zikaanza barua. Soubise: alianza mapema ili ajitwalie sifa. Broglie: alinisikia napigwa akakaa. Mapema 1762 mfalme akamfukuza Broglie akakae shambani kwake, na Soubise akabaki na jeshi. Na je, walimpa jeshi peke yake? Hapana! Wakamwekea mwenzake mwingine, Marshali d'Estrées. Tarehe 24 Juni 1762 wakapigwa wote wawili Wilhelmsthal.

Rudini sasa kwenye mstari wa 11 muone tofauti. Soubise na Broglie walipatana siku. Yoabu na Abishai walipatana *ikiwa*. Ikiwa mimi nitazidiwa. Ikiwa wewe utazidiwa. Yaani walikaa chini wakazungumza habari ya kushindwa kwao kabla ya vita, kila mmoja akakiri mbele ya mwenzake kwamba anaweza kuelemewa. Marshali haweki neno hilo kinywani. Na tena, Yoabu ndiye aliyekuwa mkuu. Abishai hakupewa nusu ya ukuu, alipewa sehemu ya kazi.

Wazee wa kanisa, wenyeviti wa kamati, walimu wa kwaya, niwieni radhi, hapa nasema nanyi. Tunafungua kikao kwa sala, tunakubaliana tarehe, tunafunga kwa sala, tunaita huo umoja. Tarehe si umoja. Mchungaji anamwambia fundi zege la nguzo liwe saruji moja, mchanga mbili, kokoto nne. Mwenyekiti wa ujenzi anapita jioni, anaona saruji inakwisha, anamwambia aweke moja kwa tatu kwa sita. Fundi amsikie nani? Atamsikia aliyesema mwisho, nguzo moja itabeba na ya pili itapasuka, na kila mmoja wenu ataandika barua yake kwa askofu. Zege la moja kwa tatu kwa sita linafaa kumwagwa chini ya msingi, halibebi paa. Paulo aliuliza, baragumu likitoa sauti isiyojulikana, nani atajiweka tayari kwa vita? Fundi yule si mkaidi. Amesikia baragumu mbili.

Na tuambiane ukweli wa ndani zaidi, kwa maana dhambi yenyewe haiko kwenye muundo wa kamati. Iko pale ambapo kufaulu kwa mwenzangu kunaniuma. Soubise hakuhitaji kuwa msaliti. Ilitosha kwamba kumsaidia Broglie kulikuwa na hasara kwake, na kungoja hakukuwa na hasara. Wewe uliyenyamaza kwenye harambee kwa sababu wazo lilitoka kwa mwingine, umefanya nini tofauti? Uliyesema "mimi nilifuata muhtasari," huku ukijua mwenzako anazama?

Basi kabla ya Jumapili, kila wawili mnaoongoza kitu pamoja, hata mume na mke wanaosomesha mtoto, kaeni muandike manne. Nani anabadilisha mpango ukiwa umeshaanza, jina moja tu. Habari itafikaje, na ikichelewa kwa muda gani mtu aende bila kungoja. Akiba iko wapi, fedha au watu, na nani anaruhusiwa kuigusa. Na lile la Yoabu: nikizidiwa nitasema neno gani, nawe utaacha nini ili uje. Hilo la nne litawachukua muda mrefu kuliko matatu ya kwanza. Msiliruke.

Juma lijalo tusome 2 Samweli 20, mstari wa 4 hadi wa 13. Yoabu huyuhuyu, Daudi amempa Amasa jeshi lake, na wanakutana penye jiwe kubwa la Gibeoni. Anamshika ndevu kwa mkono wa kuume kana kwamba anambusu. Njooni mmeusoma.