Kumruhusu Binti Aende

Eda ya mjane wa Kiislamu, ile miezi 4 na siku 10 iliyotajwa katika Sura ya Al-Baqara, humpa mwanamke muda wa kukaa na msiba wake, lakini baada yake huwapo mtoto mzima ambaye, kwa huruma, hataki kuondoka nyumbani. Binti yangu alitaka kuiacha ajira ya ualimu Dodoma ili nisibaki peke yangu hapa Tanga. Nikamwambia, "Mwanangu, marehemu baba yako alikusomesha ufundishe, si unilinde." Alilia, nami nililia. Sasa ameripoti kituoni, hunipigia simu baada ya Isha kuuliza kama nimekula, na tumekubaliana kwamba siku asipopiga sitaingiwa na hofu.