Siku moja Lackland, kesho yake mtihani wa ECL

Saa kumi na moja alfajiri naamka bwenini, katika kambi ya jeshi la anga ya Lackland, San Antonio, Texas. Mimi ni luteni wa jeshi la Burundi, mzaliwa wa Buyenzi, mtaa wa Bujumbura unaojulikana kwa Kiswahili chake. Shuleni nilifundishwa kwa Kifaransa, na Kiingereza nimekianza ukubwani. Kesho nitafanya ECL, mtihani wa Kiingereza ambao Wamarekani huutumia kuwapima wanajeshi wa kigeni kabla ya kuwapokea mafunzoni, nami natakiwa nifikishe alama 80 ndipo niingie kozi ya mawasiliano.

Saa moja na nusu darasa linaanza. Mtihani una maswali 100 ya kuchagua jibu, 66 ya kusikiliza na 34 ya kusoma, kwa hiyo anayekesha na vitabu tu anajichosha bure.

Saa nne tumo katika maabara ya lugha, hedifoni masikioni. Msemaji anatamka “should have gone”, sikio langu linapata “shudagon”. Sisi tuliozoea kuipa kila silabi haki yake tunataabika sana na watu wanaomeza nusu ya maneno yao, na mtihanini sauti hairudiwi. Hapa nairudisha mara saba mpaka neno la katikati linajitokeza. Zinafuata namba: 15 na 50 hutofautishwa zaidi na mahali mkazo unapoangukia, nami nazikosea mara tatu mfululizo, kosa ambalo kwa afisa wa mawasiliano si la kuchekea.

Chakula cha mchana nakula na nahodha kutoka Colombia. Kwa kuwa hatuna lugha nyingine ya pamoja, nahesabu kuwa nusu saa hiyo inanifaa kuliko kipindi kizima.

Saa nane ni zamu ya kusoma, na hapo Kifaransa kinanisaliti: naona “library”, nachagua duka la vitabu, kwa sababu “librairie” ndiyo maana yake, kumbe Waingereza wamekusudia maktaba.

Saa nne usiku, sare ikiwa imekwisha kupigwa pasi, nampigia mama, ambaye kwake ni alfajiri na ameamka kusali.

“Mtihani tena, mwanangu, na nyota unazo begani?”

“Huu ni wa masikio, mama.”

“Hayo tangu utotoni hayakusikia,” anajibu, kisha ananiombea dua.